Mwalimu Nyerere, Tabora na ubingwa uliogoma kupanda treni

Mashabiki wakikaa kijiweni kubishana nani waliijenga soka ya nchi hii, yatatajwa majina ya mafundi wa kila rika. Jina la Julius Kambarage Nyerere halitasikika. Hakuvuma kwa kucheka na nyavu, hakufundisha timu, hakukalia kiti cha FAT. Bao alilolipenda mpaka uzeeni kule Butiama ni lile la kete na mashimo, siyo la wavuni.

Hata hivyo, Ligi ya Taifa ilipopigwa kwa mara ya kwanza mwaka 1965, ilipigwa ndani ya nchi aliyoiunganisha yeye. Na safari ya kuiunganisha nchi hiyo ilipita Tabora. Huko ndiko Kambarage alikosoma, ndiko alikoanza kufundisha, na ndiko alikoshinda mechi ngumu kuliko zote za maisha yake ya siasa. Ajabu ni kwamba mji huohuo haujawahi kuliona kombe la ubingwa wa Bara likishuka stesheni.

Mtoto wa mtemi apanda treni

Kambarage alizaliwa Aprili 13, 1922 Butiama, karibu na Ziwa Victoria. Baba yake, Nyerere Burito, alikuwa mtemi wa Wazanaki na alikuwa na wake 22. Mama yake, Mgaya wa Nyang'ombe, alikuwa wa tano. Kijana alichelewa kuanza shule. Alikuwa na miaka 12 alipopelekwa Mwisenge, Musoma, mwaka 1934. Lakini aliposhika kalamu hakukamatika, na mwaka 1937 akachaguliwa kwenda Shule ya Serikali ya Tabora.

Tabora haikuwa mji mdogo wa kubahatisha. Kabla ya reli, hapo ndipo misafara kutoka Bagamoyo ilipotua mizigo na kugawanyika, mingine ikielekea Ujiji na Kongo, mingine ikikata kaskazini kwenda kwenye ziwa na Buganda. Wapagazi wa Kinyamwezi walibeba pembe na vitambaa kwa miezi kadhaa, na Kiswahili kikapanda nao bara. Reli ilifika Tabora mwaka 1912, ikafika Kigoma mwaka 1914, na tawi la Mwanza likakamilika mwaka 1928. Ndiyo kusema, ulipotoka pwani kwenda magharibi au ziwani, Tabora ulipita tu, upende usipende.

Mpira wa miguu nao ulienea nchini kwa njia hizohizo: shule, misheni, bandari na stesheni za reli. Shule ya Tabora, iliyoanzishwa miaka ya 1920 ikiwalenga watoto wa machifu, iliendeshwa kwa mtindo wa Kiingereza, darasani kwa nidhamu na nje ya darasa kwa michezo. Kambarage hakuacha jina uwanjani. Aliacha jina kwenye mijadala. Alipofanywa kiranja, badala ya kufurahia marupurupu ya viranja akayapinga, eti kwa nini wao wapewe zaidi ya wenzao.

Jambo kubwa alilolipata pale halikuwa kwenye daftari. Bwenini alilala na Msukuma, Mhaya, Mnyamwezi, Mchaga na Mhehe. Kila mmoja alikuja na kabila lake, lakini wote walikula sahani moja na kuongea lugha moja. Tanganyika ambayo wengine waliiona kwenye ramani tu, yeye aliiona ikipanga foleni ya chakula kila siku.

Mwalimu akataa dau nono

Kutoka Tabora alikwenda Makerere, Uganda, mwaka 1943. Aliporudi na stashahada ya ualimu mwaka 1945 alikuwa kama mchezaji huru anayegombewa na klabu mbili. Serikali ilimtaka kwenye shule yake, yenye mshahara mzuri zaidi na pensheni. Shule ya misheni ya St. Mary's, hapohapo Tabora, nayo ilimtaka, chini ya Padri Richard Walsh wa White Fathers. Mbele ya macho dau la serikali lilikuwa bora. Kambarage, aliyebatizwa Julius mwaka 1943, akachagua St. Mary's.

Alifundisha hapo kuanzia 1946 hadi 1949, pamoja na rafiki yake Andrew Tibandebage. Jioni aliwafundisha Kiingereza watu wa mjini, na akashughulika na tawi la chama cha TAA. Miaka hiyo mitatu ndiyo iliyomzoesha kusimama mbele ya watu wasiokubaliana naye na kuwashawishi bila kuwafokea. Kipaji hicho kitakuja kuokoa mechi baadaye.

Mwaka 1949 aliondoka kwenda kusoma Edinburgh, Scotland. Mwaka huohuo timu ya Tanganyika ikafanya kweli kwenye Kombe la Gossage, mashindano ya Afrika Mashariki yaliyoanzishwa mwaka 1926 na yaliyobeba jina la kampuni ya sabuni. Yalianza na Kenya na Uganda, Tanganyika ikaingia mwaka 1945, Zanzibar ikafuata mwaka 1949. Tanganyika ilibeba kombe hilo mara tatu mfululizo, 1949, 1950 na 1951. Bado bendera iliyopepea ilikuwa ya Mwingereza, lakini jina lililoitwa uwanjani lilikuwa Tanganyika. Watu wa pwani, wa reli ya kati na wa kaskazini walishangilia jina moja miaka kumi kabla ya uhuru.

Mechi ya Januari 1958

Nyerere alirudi mwaka 1952, akafundisha Pugu, na Julai 7, 1954 akawa rais wa TANU. Mwaka uliofuata akaacha kazi ya ualimu. Cheo kilibaki kwenye jina tu, Mwalimu, nalo likamganda mpaka kaburini.

Januari 1958 TANU ilifanya mkutano mkuu Tabora. Ajenda ilikuwa moto. Serikali ya kikoloni ilikuwa imetangaza uchaguzi wa kura tatu. Kila mpiga kura alilazimika kumchagua Mwafrika mmoja, Mwasia mmoja na Mzungu mmoja, vinginevyo kura yake inaharibika. Juu ya hilo, kupiga kura kulikuwa na masharti ya elimu, kipato au kazi, na Waafrika wengi hawakuyafikia.

Kwa lugha ya mpira, mwenyeji alikuwa amepanga uwanja, amepanga kanuni na amemleta mwamuzi wake. Wajumbe wengi walikuja Tabora na jibu moja mdomoni: tunasusa. Na walikuwa na haki ya kukasirika, maana kanuni zile zilikuwa za hovyo.

Mwalimu alisimama kwenye mji aliofundishia na kuwapeleka taratibu. Hakuzitetea kanuni. Alionyesha kwamba timu ikisusa, mpinzani anapewa ushindi wa mezani, viti vinajazwa na wengine, na TANU inabaki nje ya uzio ikipiga kelele. Heri kuingia, kushinda, kisha kuzibadilisha kanuni kutokea ndani. Mwisho wa siku mkutano ukakubali. Watu wakauita Uamuzi wa Busara. Zuberi Mtemvu hakukubali, akajitoa na kuanzisha chama cha ANC.

Uchaguzi ulifanyika kwa awamu mbili, Septemba 1958 na Februari 1959, na wagombea walioungwa mkono na TANU wakafagia. Agosti 1960, TANU ilichukua viti 70 kati ya 71. Desemba 9, 1961, Tanganyika ikawa huru. Ile ndiyo iliyokuwa fainali, lakini bao lenyewe lilifungwa Tabora.

Uwanja wa mpira wapokea bendera

Sherehe za uhuru hazikufanyika ikulu wala kanisani. Zilifanyika Uwanja wa Taifa, Dar es Salaam, huu unaoitwa Uhuru siku hizi. Usiku wa manane bendera ya Mwingereza ilishuka na ya Tanganyika ikapanda juu ya nyasi ambazo baadaye zingekanyagwa na Mawazo Shomvi, Maulid Dilunga na Abdallah Kibadeni. Wengi wa mashabiki wa leo wanaukumbuka uwanja ule kwa mechi za watani. Ulianza kazi kwa kuzaa nchi.

Nchi mpya ilitaka vitu vya kuishika pamoja. Tanganyika ilijiunga na FIFA mwaka 1964, mwaka uleule iliyoungana na Zanzibar. Mwaka uliofuata ikaja ligi.

Nyerere hakuipanga ratiba ya ligi hiyo, hiyo ilikuwa kazi ya watu wa FAT. Lakini wazo lilikuwa lilelile la bwenini Tabora: walete kutoka kila upande, waweke chini ya kanuni moja, waache washindane. Kabla ya hapo kila mji ulikuwa na mabingwa wake, na bingwa wa Tanga angeweza kutamba bila kukutana na bingwa wa Dar. Mwaka 1965 ubishi ukapata mahali pa kumalizwa.

Juni 7, 1965 Yanga iliifunga Sunderland 1-0, bao la Mawazo Shomvi. Wanajangwani wakatamba mtaani. Kumbe ubingwa hauhesabiwi kwa mechi ya watani peke yake, na mwisho wa msimu kombe likaenda kwa Sunderland. Wakalichukua tena mwaka 1966. Mwaka 1967 Cosmopolitan wakaingia katikati na kuwapokonya tonge. Halafu ikaja enzi ya Yanga: 1968, 1969, 1970, 1971 na 1972, miaka mitano bila kupumua. Msimu ule wa 1968 ndimo kulimo kipigo cha 5-0 cha Juni Mosi, ambacho Msimbazi walikibeba moyoni miaka tisa mpaka walipolipa kwa 6-0, Julai 1977.

Sasa soma tena orodha hiyo. Sunderland ni Dar es Salaam. Cosmopolitan ni Dar es Salaam. Yanga ni Dar es Salaam. Ligi iliitwa ya taifa, lakini ubingwa ulikuwa unahama mtaa tu, toka Msimbazi kwenda Jangwani.

Azimio, majina na watani

Mwaka 1967 ulikuwa wa mabadiliko. Februari lilitangazwa Azimio la Arusha. Mwaka huohuo Bunge lilipitisha sheria namba 12 iliyounda Baraza la Michezo la Taifa, BMT. Michezo ikawa jambo la serikali. Wachezaji walikuwa wa ridhaa, wengi wakiajiriwa kwenye mashirika ya umma na majeshi, asubuhi kazini na jioni mazoezini.

Mwaka 1971 upepo uleule ukafika Msimbazi. Sunderland lilikuwa jina la mji na klabu ya Uingereza, na nchi ilikuwa inajivua nguo za kuazima. Mzee Abeid Amani Karume, Makamu wa Kwanza wa Rais, ambaye ujanani alikuwa mwanasoka kule Zanzibar, ndiye aliyewashauri waachane na jina la kigeni. Wakajiita Simba. Karume aliuawa Aprili 1972 na hakuona jina hilo likitwaa ubingwa wake wa kwanza, mwaka 1973.

Mwaka 1974 ndio ubingwa ulipotoka nje kidogo, japo kwa matembezi. Mchezo wa kuamua bingwa kati ya Simba na Yanga ulipelekwa Nyamagana, Mwanza, Agosti 10. Ukitoka Dar kwenda Mwanza kwa reli, Tabora ndiyo njia panda. Simba, waliofika nusu fainali ya Klabu Bingwa Afrika mwaka huo, walitangulia kwa bao la Adam Sabu. Zikiwa zimebaki dakika tatu, Gibson Sembuli akasawazisha. Muda wa nyongeza Sunday Manara akamaliza kazi. Yanga 2, Simba 1. Kanda ya Ziwa ilimwona bingwa akipatikana mbele ya macho yake, kisha bingwa akageuza na kurudi zake Jangwani.

Mwaka 1975 ndipo mwiko ulipovunjwa. Mseto ya Morogoro ilitwaa ubingwa, timu ya kwanza kutoka nje ya Dar es Salaam kufanya hivyo tangu ligi ianze. Ilichukua miaka kumi kwa neno taifa kuanza kupata maana kwenye ligi ya taifa. Na reli ile ya kati, kwa ubingwa, ikaishia Morogoro.

Miaka hiyohiyo ya 1970 lilianzishwa pia Kombe la Nyerere, mashindano ya mtoano yaliyobeba jina la mtu ambaye hakujulikana kwa mpira. Si vibaya. Gossage naye alikuwa muuza sabuni.

Kucheza na kukataa kucheza

Wapo wanaodhani kwamba mtu wa Uamuzi wa Busara angekubali kila mchezo kwa kanuni yoyote. Sivyo. Mwaka 1976 Tanzania ilisusia Olimpiki ya Montreal pamoja na nchi nyingine za Afrika, kwa sababu New Zealand ilikuwa imepeleka timu ya raga Afrika Kusini ya makaburu na bado ikaruhusiwa kushiriki. Gharama yake ilikuwa kubwa. Filbert Bayi, aliyekuwa akishikilia rekodi ya dunia ya mita 1,500, hakukimbia.

Mwaka 1958 Tabora, kuingia kulileta uhuru. Mwaka 1976, kuingia kungekuwa kuwageuzia mgongo wenzao ambao bado hawajaupata. Kanuni mbaya unaweza kuichezea ukijua utaibadilisha. Ubaguzi ukiuchezea unauvalisha jezi.

Zawadi ya enzi ile kwa mashabiki ilikuja mwaka 1979. Taifa Stars ilihitaji kupita kwa Zambia ili ifuzu Mataifa ya Afrika. Ndola, mbele ya Wazambia, Peter Tino alifunga bao la kusawazisha, ikawa 1-1, na Stars ikakata tiketi ya Lagos 1980. Kule ilifungwa 3-1 na Nigeria, 2-1 na Misri, na ikatoka sare ya 1-1 na Ivory Coast. Ikarudi nyumbani, na haikuonekana tena kwenye fainali hizo mpaka 2019.

Kombe na ramani

Mwalimu alistaafu urais mwaka 1985. Mwaka mmoja baadaye Tukuyu Stars ya Mbeya, iliyokuwa ndiyo kwanza imepanda daraja, ikatwaa ubingwa na kuwaacha vigogo wakikodoa macho. Mwaka 1988 ikawa zamu ya Coastal Union ya Tanga. Mwaka 1999 bingwa alitoka mashamba ya miwa ya Turiani, Mtibwa Sugar.

Oktoba 14 mwaka huo, Nyerere alifariki dunia London, katika Hospitali ya St. Thomas, kwa saratani ya damu. Mwili wake ulipoletwa nyumbani uliwekwa Uwanja wa Taifa ili wananchi wamuage. Watu walipanga foleni kuingia kama wanaokwenda kutazama mechi, ila safari hii hakuna aliyeshangilia. Kisha akapelekwa Butiama na kuzikwa huko.

Tabora yenyewe imejaribu. Milambo, timu iliyobeba jina la yule mtemi shujaa wa Urambo, iliwahi kucheza ligi ya juu. Rhino Rangers walipanda msimu wa 2013/14 na kushuka hapohapo. Tabora United, Nyuki wa Tabora, wakaingia Ligi Kuu msimu wa 2023/24, na Novemba 2024 wakawapiga Yanga 3-1 palepale Dar es Salaam. Siku hiyo mji wote ulijua kwamba mkubwa anafungika. Lakini ubingwa bado.

Na sababu haina uchawi. Ligi inataka fedha, na fedha imekaa pwani. Kijana wa Tabora mwenye kipaji hupanda treni au basi kwenda kutafuta riziki kwenye klabu za Dar, kama mababu zake walivyobeba mizigo ya watu mpaka Bagamoyo. Mzigo unatoka bara, faida inabaki baharini. Kwenye siasa, Mwalimu alikataa jambo hilo lisiwe la kudumu. Alitaka kijana wa Butiama, wa Songea na wa Tabora wote waione nchi kuwa yao.

Kwa klabu ya mkoani, kanuni za leo ni ngumu kama kura tatu. Kususa hakusaidii, hilo Tabora inalijua kuliko mji mwingine wowote. Kilichobaki ni sehemu ya pili ya somo lile la Januari 1958, ambayo watu huisahau: ukishakubali kuingia uwanjani, ni lazima ushinde.